Kifaru cha Ishirini na Tano

Siku ya Ijumaa, pale kijijini Ban Rim Le, mashua zote hulala mchangani. Hakuna Mwislamu wa pwani ile anayeingia baharini kabla ya sala, na wakishasali hujiona wamevaa nguo safi mno za kwenda kunuka samaki. Kwa hiyo tangu saa mbili asubuhi wanaume hujazana kibandani kwa Ja Yaenah, pale njia ya mchanga inapokutana na lami, kwenye benchi la mbao za mashua iliyovunjwa na viti vya plastiki ambavyo kila kimoja kimeshamwangusha mtu. Juu yao matundu ya njiwa yanabembea. Kahawa ni nyeusi, maziwa mazito yamelala chini ya glasi, na asiyekoroga shauri yake. Hapo ndipo kila jambo huamuliwa, hasa yale ambayo hawakuulizwa. Ja ni dada, na Bang, yaani kaka, ndivyo wanavyoitana, hata kama kaka mwenyewe ana wajukuu na meno ya kuhesabu kwa mkono mmoja.

Ijumaa hiyo jambo lilikuwa kifaru. Miaka mitatu nyuma jeshi liliwapa vifaru ishirini na tano vilivyostaafu. Vilioshwa mafuta, vikang'olewa injini, vikatumbukizwa baharini mbele ya kijiji viwe nyumba za samaki. Nyumba walizokuwa wakijenga wenyewe kwa mianzi na makuti zilikuwa hazimalizi msimu, meli za kukokota nyavu zinazikomba zote. Kifaru hakikombwi. Sasa wiki hii wapiga mbizi wa chuo wamekuja na kamera zao, wamevihesabu, wamevikuta ishirini na nne. Na karatasi ya mapokezi, yenye sahihi ya mkuu wa kijiji, inasema ishirini na tano.

— Tuanze na hesabu yenyewe, akasema Njiwa.

Njiwa ni Bang Sobri. Jina kalipata kwa ndege wake wa mashindano ya kuimba, ambaye hupanda gari kwenye kiti cha mbele wakati mke wa Bang Sobri anakaa nyuma.

— Wale watoto wa chuo, akaendelea. Mtoto wa chuo anajua kuhesabu vifaru? Kapita pale, kakuta kimoja kimeota uchafu, kadhani jabali.

— Jabali lina mzinga?

— We umeshayaona majabali yote ya bahari hii?

— Nimeyaona. Ninayo mashine.

Huyo aliyejibu ni Bang Det, na kwa sababu ya mashine hiyo wanamwita Rada. Ni kisanduku chenye kioo, kinafungwa karibu na usukani, kinaonyesha samaki walio chini kama vidoti vya rangi. Aliinunua miaka sita iliyopita, na tangu siku hiyo hazungumzi sentensi tatu bila kuitaja.

— Basi mashine yako ituambie kifaru kiko wapi, akasema mwingine, wanayemwita Jenerali.

— Sijaitafutia kifaru. Naitafutia samaki. Lakini kesho, Mungu akipenda, natoka mapema, naanzia mdomo wa mto, napiga mistari kwenda na kurudi mpaka nikione. Siku mbili tu. Tatu zikizidi.

Mwisho wa benchi, Bang Lem alikoroga kahawa yake ingawa maziwa yalikuwa yameshapanda juu zamani. Mdomo wa mto! Akianzia hapo hata siku moja haitaisha. Maana katika kijiwe kile kizima, na kijiji kizima, na jeshi zima ukitaka, Bang Lem peke yake ndiye aliyejua kifaru cha ishirini na tano kilipo.

Na alikuwa hataki kusema. Tena alikuwa anataka kusema mpaka koo linamuwasha. Ndivyo alivyokuwa amekaa kwa miaka miwili.

Bang Lem alikuwa msikilizaji wa samaki. Kazi hiyo ipo pwani ile tangu enzi za babu zake. Msikilizaji huingia majini, hushika ubavu wa mashua, huzamisha kichwa na kugeuka polepole, na masikio yake humwambia walioko chini ni akina nani, wangapi, na wanaelekea wapi. Wapo wanaokoroma kama vyura, wapo wanaogonga kama mtu anayepiga hodi. Alfajiri za zamani Bang Lem akitoka, mashua kumi na mbili zilimfuata nyuma kama bata. Akizima injini, wote wanazima. Akiinua mkono, wote wanatupa nyavu. Mgawo wake ulikuwa unaletwa mpaka mlangoni. Halafu Rada akanunua kisanduku, na mwezi uliofuata mwingine akanunua, na siku moja Bang Lem akatoka alfajiri, akageuka nyuma, hakuona mtu. Siku hiyo iliuma, tusifichane. Alirudi nyumbani akamwambia mkewe kwamba bahari imechafuka, na ilikuwa imetulia kama maji ya kwenye beseni.

— Bang Lem, akasema Njiwa, mbona kimya? Au yale masikio ndiyo yamekwisha kabisa?

— Nawasikiliza nyinyi.

— Sisi hatukoromi.

— Mkeo anasema vingine.

Kijiwe kikacheka, na Bang Lem akashukuru kimoyomoyo kwamba habari zimegeuka. Hazikugeuka sana. Jenerali alikuwa ameshaweka glasi chini, na Jenerali akiweka glasi chini ujue anakwenda kufundisha.

Jina lake ni Bang Dolah. Alipofika umri wa miaka ishirini na moja alichota kadi nyekundu ya kura ya jeshi mbele ya wilaya nzima, mama yake akazimia, yeye akapelekwa kambini miaka miwili. Miaka yote hiyo alimenya vitunguu. Kifaru alikigusa siku moja, alipotumwa kuwapelekea wali askari waliokuwa wanakiosha. Lakini tangu siku hiyo mambo ya kijeshi yote ni yake.

— Nyinyi mnaongea kama raia, akasema. Kifaru kina tani thelathini na kitu. Kina breki ya mkono. Kabla ya kukiacha popote, lazima uvute breki. Sasa niambieni, siku ile ya kuvitumbukiza, mliona mtu yeyote anavuta breki?

Wakatazamana.

— Hakuna aliyevuta, Njiwa akakiri.

— Ehee. Basi kimetembea.

— Kimetembea!

— Mkondo wa maji unasukuma, minyororo inazunguka, chini kuna mteremko. Miaka mitatu, kila siku hatua mbili tatu. Mimi nakwambia saa hizi kiko Malaysia.

— Bila pasipoti?

— Kifaru hakiombwi pasipoti, Bang Det. Hiyo ndiyo maana ya kifaru.

Ja Yaenah alikuwa anachota maji ya moto kwa kata. Alikuwa mjane mwenye mikono mikubwa, na kijiweni kwake alisema machache ila hayakuwa yanarudishwa.

— Injini si waling'oa? akauliza.

— Ja, hapo unachanganya. Injini ni ya kupandia. Kuteremka hakihitaji injini.

— Uongo mtupu, akasema Rada. Ni meli za kukokota. Zimepita usiku, wavu umenasa kifaru, wamekivuta mpaka kwao, wamekikata vipande, wamekiuza chuma chakavu. Saa hizi unaweza kuwa unapikia kifaru. Hiyo sufuria yako, Ja, uliinunua lini?

— Hii sufuria niliolewa nayo.

— Basi siyo hiyo.

— Wavu gani wa kuvuta tani thelathini? Jenerali akang'aka. Utakatika kabla hujamaliza bismillahi. Hapana. Kama hakikutembea, basi nina neno jingine, lakini hili sitaki litoke hapa.

Hapo hata njiwa walinyamaza, au Bang Lem aliona hivyo. Jenerali akatazama barabarani upande huu na upande ule. Barabarani palikuwa na mbuzi.

— Kiliachwa kwa makusudi.

— Na nani?

— Sasa unataka nitaje. Fikiria tu. Vifaru ishirini na nne vimewekwa pamoja, vinaonekana, vinapigwa picha, kila mtu anaviangalia. Kimoja kimewekwa pembeni. Kwa nini? Kwa sababu kimoja kiko kazini. Kinalinda pwani.

— Kinalinda vipi na hakina injini?

— Kina mtu ndani.

Rada alicheka mpaka kahawa ikapita puani. Njiwa hakucheka. Njiwa alisogea mbele, maana yeye habari ikishakuwa kubwa kiasi fulani huanza kuiamini.

— Anavuta hewa wapi?

— Mzinga, Bang Sobri! Mzinga ni bomba. Unauelekeza juu, ncha inatokeza kidogo juu ya maji, unavuta hewa raha mustarehe.

— Lo! Na anakula nini?

— Si yuko katikati ya samaki?

— Wabichi?

— Jeshini unakula unachopewa. Mimi nimekula vitu ambavyo nikikuambia hutalala.

— Ulivipika mwenyewe, akasema Rada.

— Na haja? akauliza Ja Yaenah, bila kugeuka.

Haja Jenerali alikuwa hajaifikiria.

— Kuna utaratibu, akasema hatimaye.

Bang Lem alicheka na wenzake, ila kicheko chake kilikuwa kinachelewa kidogo. Yeye alikijua kifaru hicho kwa viganja vyake. Asubuhi moja miaka miwili nyuma, bahari imelala, alizima injini mahali ambapo kila mtu anajua pana tope tupu. Hakuwa anatafuta kitu. Alikuwa amekumbuka kazi yake tu, kama mtu anavyokumbuka chakula cha mama. Akaingia majini, akazamisha kichwa, akawasikia wanaokoroma, wengi, mahali wasipopaswa kuwepo. Na katikati yao sauti nzito zaidi, ya samaki waliomo chumbani, maana sauti ya chumbani haifanani na ya nje. Akashuka na kamba ya nanga, pima saba, mapafu yanamlaumu. Mkono ukagusa mnyororo wa chuma. Akapangusa uchafu ubavuni, akaona tarakimu mbili nyeupe, saba na tatu.

Hakuhitaji kuambiwa kilichotokea. Siku ya sherehe mawimbi yalikuwa makubwa, tishari lilikuwa linayumba, na cha mwisho kiliponyoka kabla ya kufika. Ufukweni palikuwa na bendi, mahema na hotuba ndefu. Nani angekatiza hotuba aseme kimoja kimeanguka?

Tangu hapo ndiko alikovua, mara mbili kwa wiki, kwa mshipi tu, chewa wawili au watatu, basi. Alikwenda kwa kuzunguka, akirudi alizunguka zaidi. Rada na kisanduku chake walipita karibu na pale mara mia, hawakuangalia, kwa sababu kila mtu anajua pana tope. Ni masikio ndiyo yaliyokiona. Siri ya namna hiyo ni mzigo kwa mtu yeyote, lakini kwa mtu aliyeambiwa amekwisha ni adhabu. Usiku mwingine alikuwa akigeukia ukuta anatabasamu peke yake, mkewe anamuuliza kuna nini, anasema gesi.

— Kitu kimoja tu mimi sielewi, akasema Rada, akimtazama Bang Lem sasa. Huyu hana mashine. Mashua yake injini ni ya kusagia pilipili. Na kila wiki analeta chewa wa kilo sita, kilo saba. Unawatoa wapi, Bang?

— Baharini.

— Bahari gani?

— Hiyo hiyo unayoiangalia kwenye kisanduku. Labda unaangalia vidoti, mimi naangalia samaki.

— Wee! Njiwa akapiga paja. Umeshikwa hapo, Rada!

Rada alitabasamu, lakini macho hayakutabasamu. Bang Lem akajua kwamba kesho, saa kumi na mbili, kisanduku kile kitaanza kupiga mistari kutoka mdomo wa mto. Na kabla ya adhuhuri kitakuwa kimekikuta. Na watu watasema mashine ndiyo iliyokiona. Hilo la mwisho ndilo lililokuwa linamla kuliko chewa wenyewe.

Gari la abiria la kutoka mjini likasimama pale kwenye lami, likamshusha mtu mmoja, likaondoka. Alikuwa mzee mrefu, mkavu, nywele fupi nyeupe, shati limeingizwa ndani ya suruali na pasi bado inaonekana baada ya safari yote hiyo. Begani alikuwa na mkoba wa kijani. Alikuja moja kwa moja kijiweni kwa hatua za kupimwa, akawainamia kwa viganja vilivyokutana kifuani, kama wanavyosalimia watu wa kwao, kisha akasema kwa sauti iliyowashtua njiwa:

— CHAI MOJA, MAMA, TAFADHALI!

— Nakusikia, baba, akasema Ja Yaenah. Sijafika Malaysia.

— NINI?

— Kaa, kaa.

Akakaa kwenye kiti cha plastiki, na kwa bahati kiti kikamvumilia. Akasema jina lake ni Bunlue, sajini mstaafu. Akasema ametoka Saraburi kwa treni, siku nzima na usiku mzima, na treni ya kurudi ni saa tisa leo hii. Yote aliyasema kwa sauti ya kuita watu uwanjani.

— Jeshi gani, Mzee? akauliza Jenerali, amekaa wima ghafla.

— NINI?

— JESHI GANI! UPANDE UPI!

— Vifaru. Dereva. Miaka kumi na tatu kifaru kimoja.

Jenerali alitazama chini, akaanza kuyachunguza mabaki ya kahawa yake kwa makini.

— Nimeona zile picha kwenye simu ya mjukuu wangu, akaendelea sajini, akapunguza sauti kidogo, ikawa ya kawaida ya mtu anayegombana. Za wapiga mbizi. Nimeziangalia zote. Vingine naviona, namba zinasomeka. Kile cha mwenzangu Sawaeng kipo, samaki wamejaa mpaka kwenye mlango wa juu. Cha Phayom kipo. Changu sikukiona. Sabini na tatu.

Bang Lem akaweka glasi chini polepole.

— Hicho ndicho kilichopotea, Mzee, akasema Njiwa. Yaani, HICHO! KIMEPOTEA!

— Najua kimepotea. Sikuja kukitafuta. Wataalamu watakitafuta. Sajini akapokea chai yake kwa mikono miwili, hakunywa, akaendelea: Nimekuja kuuliza jambo dogo tu. Nilikipaka grisi miaka kumi na tatu. Mke wangu, Mungu amrehemu, alikuwa ananiambia, angalau ungekuwa unanikanda mimi hivyo. Siku walipokichukua nililia, sikatai, mtu mzima nimesimama uwanjani nalia. Nikamwambia mke wangu, wanakitupa baharini kama takataka. Akaniambia, hapana, Bunlue, kinakwenda kuwa nyumba. Akafa anaamini hivyo. Sasa mimi nataka kujua. Nyinyi ni wavuvi, mnaijua bahari yenu. Kina samaki?

Swali lenyewe lilikuwa la maneno mawili. Jenerali, aliyekuwa na jibu la breki na jibu la haja, akaanza kukoroga glasi tupu. Njiwa alianza kusema kitu juu ya Malaysia, akakiacha. Rada aligusa mfuko wa shati, akatoa mkono. Hata Ja Yaenah alisimama na kata mkononi, maji yanadondoka mchangani. Ungeweza kumdanganya mzee yule kwa neno moja tu, ndiyo, aende zake amefurahi, na hakuna aliyethubutu.

— Hamjui, akasema sajini. Si neno. Nilisema niulize tu.

Akaanza kunywa chai yake haraka haraka, kama mtu anayetaka kuondoka kabla hajaonewa huruma.

Bang Lem akanyanyuka, akavuta kiti chake, akakaa ubavuni kwa mzee. Akainama mpaka mdomo ukakaribia sikio.

— Kina samaki, akanong'ona.

— NINI?

— Kina samaki. Nimekiona.

— Sema kwa sauti, ndugu yangu! Miaka kumi na tatu nimekaa na injini nyuma ya kichwa. Sikio hili limekufa, na hili lingine ni la mapambo.

Kijiwe kizima kilikuwa kinawatazama. Bang Lem akamshika mzee mkono, akaonyesha upande wa mashua, kwamba waende kule pembeni.

— Siwezi kutembea sana, akapaza sauti sajini. Magoti. Niambie hapa hapa. Ulikuwa unasema nini?

Bang Lem akatikisa kichwa juu chini, juu chini, huku amekodoa macho.

— Unatikisa kichwa. Ndiyo kina samaki, au ndiyo umenisikia?

Hapo Bang Lem alimtazama vizuri. Yule ni mtu ambaye kazi yake ilimla masikio, na yeye ni mtu ambaye masikio yake yalikuwa ndiyo kazi, na wote wawili wameambiwa asanteni, kakaeni nyumbani. Akamwonea huruma mzee, akajionea huruma na yeye mwenyewe. Akawaza chewa wake. Akawaza saa tisa ya treni. Akavuta pumzi, ile pumzi ya pima saba.

— KINA SAMAKI!

Njiwa wote wakapiga mbawa matunduni.

— Wengi?

— WENGI! WANAOKOROMA WAMEKAA JUU, WAMEJAA TELE! CHEWA WAKO NDANI! KUNA MMOJA MKUBWA KAMA MBUZI, AMELALA PALE PA DEREVA, KUSHOTO MBELE! HATAKI MWINGINE AINGIE!

Sajini alikuwa ameshika glasi kwa mikono yote miwili.

— Kushoto mbele, akarudia. Ndipo hapo. Kiti changu. Umekiona kwa macho?

— KWA MIKONO! NAMBA NIMEIPANGUSA MWENYEWE! SABA NA TATU!

— Na kimekaaje? Kimesimama sawa au kimepinduka?

— KIMESIMAMA SAWA! KAMA MTU AMEKIEGESHA!

— Basi, akasema sajini. Akapangusa uso kwa mkono wa shati, pasi ikaharibika. Basi. Kiko wapi hasa? Nikisimama hapa ufukweni, nitazame upande gani?

Na Bang Lem, ambaye sasa hakuwa na kitu cha kuokoa, akanyoosha mkono kusini-mashariki na kupiga kelele zote zilizobaki:

— UKITOKA MDOMO WA MTO, MNARA WA MSIKITI UKIKAA JUU YA PAA LA KIWANDA CHA BARAFU, NENDA HIVYO HIVYO MWENDO WA SIGARA MBILI!

Sajini akageuza kiti, akatazama huko. Hapakuwa na kitu cha kuona, ni maji tu na jua. Akatazama hivyo hivyo, mkono juu ya paji la uso, kama anapokea heshima.

Wa kwanza kupona alikuwa Jenerali.

— Sigara mbili za kusokota au za dukani?

Bang Lem akajitia hakusikia.

— Maana za kusokota zinachelewa kuisha, Bang. Tofauti yake ni kubwa. Na upepo nao...

— Dolah, akasema Ja Yaenah, nyamaza.

Njiwa alikuwa anahesabu kwa vidole.

— Miaka miwili, akasema. Miaka miwili umekaa nasi hapa, kila Ijumaa, tunakunywa kahawa pamoja. Mimi nimekuambia mpaka siri za ndege wangu!

— Kwenye tope, akasema Rada.

Alisema polepole, wala hakuwa anamwambia mtu. Uso wake ulikuwa wa mtu anayepita tena njia aliyoipita mara mia.

— Pale ni tope. Nimepita pale juzi. Nimepita pale juu yake kabisa. Umekionaje, Bang?

Bang Lem alikuwa amechoka, koo linamuwasha kwa kelele, na chewa wake walikuwa wameshaondoka mikononi mwake kila mmoja. Angeweza kutukana. Akagusa sikio lake kwa kidole kimoja, akarudi kwenye kahawa.

Ja Yaenah akaja na birika, akamjazia glasi bila kuulizwa, na maziwa akatia mara mbili. Hiyo haijawahi kutokea katika kibanda kile, na wote waliiona.

Rada akasugua magoti. Akatazama mashua yake ndefu pale mchangani, na kisanduku chake kimefunikwa mfuko wa plastiki kwa ajili ya chumvi. Alipofungua mdomo hakumtazama mtu usoni.

— Bang Lem. Kesho unatoka saa ngapi?

Ilikuwa miaka sita hajaulizwa swali hilo. Bang Lem alikuwa amesahau kwamba linaweza kumfanya mtu macho yajae maji mbele za watu, akajifanya moshi wa jiko unamsumbua.

— Saa kumi na moja, akasema. Mkae nyuma yangu. Na tukifika pale, uzime mashine.

— Kasema nini? akauliza sajini, amegeuka kutoka baharini, mkono nyuma ya sikio. Jamani, kasema nini huyu?

Kijiwe kizima kikamgeukia Rada. Jenerali akainua glasi kuficha mdomo. Rada akawatazama mmoja mmoja, akaona hakuna atakayemsaidia, akavuta pumzi.

— KASEMA NIZIME MASHINE!